UZI: Innokenty Smoktunovsky, mateka wa vita aliyekuja kuwa Hamlet wa Warusi

Mleta uzi

Wakuu, salaam kwenu nyote.

Jukwaa hili tumeshawachambua waigizaji wa Hollywood na wa Bombay mpaka tukachoka. Leo naomba niwaletee mtu ambaye kwangu mimi ni mmoja wa waigizaji wakubwa kabisa wa karne ya 20, na kwetu huku jina lake halitajwi hata kwa bahati mbaya. Ni Innokenty Smoktunovsky, wa enzi za Muungano wa Kisovieti. Uzi ni mrefu, mwenye chai avute kiti.

Alizaliwa tarehe 28 Machi 1925 katika kijiji cha Tatyanovka, mkoa wa Tomsk, huko Siberia. Ni mtoto wa wakulima. Utotoni familia ilihamia Krasnoyarsk, na huko akalelewa na shangazi yake. Vita vilipoanza baba akaenda na hakurudi. Januari 1943, kabla hata hajatimiza miaka 18, na yeye akaitwa jeshini.

Tulieni hapa kidogo, maana bila miaka hii miwili hamtamwelewa mtu huyu akiwa mbele ya kamera. Alipigana Kursk majira ya joto ya mwaka 1943. Kisha jeshi likaufikia mto Dnieper, na kazi yake ikawa kupeleka taarifa za mapigano makao makuu, akiuvuka mto kwa miguu huku risasi zinanyesha. Kwa kazi hiyo aliandikiwa medali ya Ushujaa. Mwezi Desemba mwaka huohuo kikosi chake kikazingirwa karibu na Zhytomyr, Ukraine, akatekwa na Wajerumani.

Mateka wa Kisovieti walikuwa wakifa kwa njaa, baridi na magonjwa kwa mamia ya maelfu. Kijana huyu akakaa kambini karibu mwezi mmoja. Siku moja wakaanza kuswagwa kwa miguu kuelekea magharibi. Alikuwa mgonjwa wa tumbo, hawezi kwenda mwendo wa wenzake. Msafara ulipofika kwenye daraja, akachomoka na kujificha chini yake, kwenye theluji. Walinzi wakapita juu na mbwa wao. Hawakumwona. Alipotoka hapo alitembea vijijini mpaka akabisha mlango wa nyumba ya mama mmoja wa Kiukraine aitwaye Vasilisa Shevchuk. Huyo mama akamficha karibu mwezi mzima na kumlisha, wakati adhabu ya kumficha mwanajeshi wa Kisovieti ilikuwa kifo, tena cha nyumba nzima. Smoktunovsky hakumsahau. Alipokuja kuwa mtu maarufu aliendelea kuwasiliana na familia ile na kuitembelea.

Kutoka pale akaingia kwa wapiganaji wa msituni, akarudi jeshini, akashiriki kuikomboa Warsaw, akapata medali nyingine ya Ushujaa, na vita vikaisha akiwa Ujerumani.

Ungedhani mtu wa namna hiyo angepokewa kwa ngoma. Chini ya Stalin haikuwa hivyo. Aliyewahi kutekwa alikuwa mtu wa kutiliwa shaka: kwa nini ulitekwa, kwa nini uko hai, Wajerumani walikutuma kufanya nini? Alizuiwa kuishi kwenye miji mikubwa. Akaanza kujifunza uigizaji palepale Krasnoyarsk, na mwaka 1946 akachukua uamuzi ambao kila nikiufikiria naona akili yake ilivyokuwa inafanya kazi: akaenda mwenyewe Norilsk.

Kwa wasioifahamu, Norilsk iko Siberia ya kaskazini, juu ya mstari wa Aktiki. Ni mji wa migodi na viwanda vya kuyeyusha nikeli, uliojengwa na wafungwa wa kambi ya Norillag. Wakati wa kipupwe jua halichomozi kwa wiki kadhaa. Hesabu yake ilikuwa kwamba watu wanafukuziwa huko, sasa aliyekwisha kufika huko mwenyewe utamfukuzia wapi tena?

Mji huo wa wafungwa ulikuwa na ukumbi wa maigizo, na kundi lake lilichanganya watu huru na watu waliohamishiwa kule kwa nguvu. Huko ndiko jina la ukoo lilipobadilika kutoka Smoktunovich kuwa Smoktunovsky. Na huko ndiko alikokutana na Georgy Zhzhonov, mwigizaji aliyekuwa amekwisha kukaa miaka mingi kwenye kambi za wafungwa za Kolyma, mashariki ya mbali kabisa ya nchi, na sasa ameletwa Norilsk baada ya kukamatwa mara ya pili. Zhzhonov alikiona kipaji cha kijana huyu mapema. Akamsukuma aondoke, akamwandikia na barua ya kumtambulisha kwa Arkady Raikin, mchekeshaji mkubwa wa Leningrad. Likumbukeni jina la Zhzhonov.

Smoktunovsky aliondoka mwaka 1951, afya imeharibika kwa kukosa vitamini. Ikafuata miaka ya kutangatanga: Makhachkala, Grozny, Stalingrad. Mwaka 1955 akaingia Moscow, akabisha hodi ukumbi mmoja baada ya mwingine, hakuna anayemtaka. Alikuwa akilala kwenye ngazi za majengo ya watu. Nguo aliyokuwa akizungukia mjini ni suti ya mchezo wa kuteleza kwenye theluji, maana nyingine hakuwa nayo. Umri umefika miaka 30, na hana kazi ya kudumu. Katika ukumbi wa Lenkom, alikopewa vijisehemu vya kupita tu jukwaani, alimpata Shulamith, aliyekuwa akishughulika na mavazi ya waigizaji, wakaoana na kuishi pamoja mpaka kifo chake.

Mlango ulifunguka mwaka 1956 na filamu ya *Soldaty*, inayohusu vita vya Stalingrad. Alicheza luteni Farber, msomi mwenye miwani, mpole, asiyefanana kabisa na wale askari vifua mbele wa kwenye mabango. Georgy Tovstonogov, muongozaji mkuu wa ukumbi wa BDT wa Leningrad, alikuwa akitafuta mtu wa kumcheza Myshkin, yule mtu mpole asiye na hila katika *The Idiot* ya Dostoevsky, na macho ya yule Farber hayakumtoka kichwani. Akamwita.

Mazoezi yakawa mateso. Wenzake waliona ameletwa mtu asiyejua kazi: sauti ndogo, mwili haujui usimame wapi. Na mwenyewe alikuwa hampati mhusika wake. Siku moja yuko kwenye korido za studio ya Lenfilm, watu wamejaa, wanapishana na kusukumana kama kawaida ya studio. Katikati yao amesimama mtu anasoma kitabu. Anasoma tu, kana kwamba korido nzima ni yake peke yake, uso umetulia. Smoktunovsky akaganda anamtazama, akajua kwamba Myshkin ni yule pale. Akauliza ni nani. Akaambiwa ni mtu wa kucheza vijisehemu vidogo, aliyekuwa amekaa kambini miaka mingi.

Onyesho la kwanza lilikuwa tarehe 31 Desemba 1957. Watu walianza kusafiri kutoka Moscow kwenda Leningrad kwa ajili ya mtu huyo mmoja.

Sasa tuje kwenye *Hamlet* ya mwaka 1964 ya Grigory Kozintsev. Nyeusi na nyeupe, muziki wa Shostakovich, maneno ya Shakespeare kwa Kirusi cha Boris Pasternak. Pasternak mwenyewe alishafariki mwaka 1960, baada ya serikali kumbana mpaka akaikataa Tuzo ya Nobel. Sehemu ya picha zilipigwa kwenye pwani ya Estonia, mawe matupu na bahari ya kijivu.

Na hili ndilo hasa lililonifanya nifungue uzi. Tumezoea kuambiwa Hamlet ni mtu wa kusitasita, anajiuliza weee mpaka wenzake wanakufa. Wa Smoktunovsky hasiti. Huyu ni mtu anayejua kwamba anachunguzwa. Tazameni anavyotembea ndani ya lile kasri: hasemi la moyoni kabla hajajua nani yuko karibu. Lile swali lake maarufu la kuwa au kutokuwa halitamki kwa mdomo kabisa. Anatembea peke yake kwenye mawe ya ufukweni, midomo imefungwa, sisi tunasikia mawazo yake tu. Mtu aliyeishi kwenye nchi ya wapasha habari anajua swali kama hilo haliulizwi kwa sauti.

Halafu ije ile sehemu ya filimbi. Rafiki zake wawili wa zamani, Rosencrantz na Guildenstern, wametumwa na mfalme wamchokonoe. Hamlet anampa mmoja filimbi, anamwambia apige. Hawezi. Basi, anamwuliza, kama kijiti hiki kinakushinda, unawezaje kudhani utanipiga mimi? Waigizaji wengi hapo hupandisha sauti au hufanya kejeli. Yeye anaongea taratibu, karibu kwa upole, na hasira iliyo chini yake unaisikia kwenye mifupa. Mimi namwamini kwa sababu mtu huyu alihojiwa kweli, na alikaa miaka akiwa na jambo moja ambalo hakutakiwa kulitaja mbele ya kila mtu.

Filamu ilipata tuzo maalumu ya majaji Venice mwaka 1964, yeye akateuliwa kuwania tuzo ya BAFTA ya Uingereza, na mwaka 1965 serikali yake ikampa Tuzo ya Lenin. Mwaka huohuo akamcheza Lenin mwenyewe katika filamu nyingine. Mtu aliyejificha Norilsk asikamatwe amepewa kumwigiza mwasisi wa taifa!

Nafungua mjadala, karibuni.

Mdau #2

Asante mkuu kwa uzi ulioenda shule. Ila nina swali la haki kabisa. Sinema za Kisovieti si zilikuwa propaganda ya chama? Kila kitu kilipita kwa wakaguzi. Huyo jamaa angeweza kuigiza ukweli gani?

Mleta uzi

Mkuu, wakaguzi walikuwepo na walikata kwelikweli. Wapo waongozaji ambao filamu zao zilifungiwa makabatini miaka 20. Lakini itazame *Beregis avtomobilya* ya Eldar Ryazanov, ya mwaka 1966. Smoktunovsky ni Yuri Detochkin, wakala wa bima, mwanamume mpole anayeishi na mama yake. Usiku anaiba magari aina ya Volga, lakini ya wala rushwa na walanguzi tu. Anayauza, na kila senti anaipeleka kwenye vituo vya watoto yatima, risiti anatunza. Afisa mpelelezi anayemsaka, aliyechezwa na Oleg Efremov, ni rafiki yake kwenye kikundi cha maigizo cha wafanyakazi. Na wanafanya mazoezi ya mchezo gani? *Hamlet*! Miaka miwili baada ya kuucheza kwa dunia nzima, anaucheza tena akiwa wakala wa bima kwenye jukwaa la wasiolipwa, na anaucheza vizuri mpaka unasahau kwamba unatazama kichekesho.

Filamu hiyo inaonyesha, waziwazi, kwamba ndani ya nchi ya usawa kuna watu wana magari na majumba ambayo mishahara yao haiwezi kuyaeleza. Mahakamani watazamaji wote wako upande wa mwizi. Propaganda gani hiyo?

Na nilisema mlikumbuke jina la Zhzhonov. Yule trafiki mwenye pikipiki anayemkimbiza Detochkin kwenye filamu hiyo ndiye Georgy Zhzhonov. Watu wawili waliokuwa wakigawana baridi ya Norilsk, mmoja kavaa sare za dola, mwingine anakimbia. Watazamaji wengi wa mwaka 1966 hawakujua wanatazama nini.

Mdau #3

Mimi nilisoma Leningrad miaka ya 1980, miongoni mwa vijana wa Afrika Mashariki tuliopelekwa kwa ufadhili. Naomba niongeze kitu ambacho kwa maandishi ni shida kukieleza, nacho ni sauti yake. Mwalimu wetu wa lugha alitufundisha Kirusi kilichonyooka, kila neno na mkazo wake. Smoktunovsky alikuwa anakwenda kinyume. Sauti nyepesi, inapanda mahali usipotegemea, anaivuta silabi, halafu anakata katikati ya sentensi kana kwamba wazo jipya limemjia sasa hivi. Mwanzoni nilidhani ni mimi ndiye sielewi lugha. Baadaye nikagundua wenyeji nao humsikiliza hivyohivyo, wakiwa wameinamia mbele.

Ndiyo maana muongozaji Andrei Tarkovsky alimchukua kwa sauti tu. Katika *Zerkalo* ya mwaka 1975 yeye ni msimuliaji, mtu mzima anayekumbuka maisha yake, na uso wake huuoni filamu nzima.

Kuhusu Shakespeare, Mrusi hamwoni kama mgeni. Kwake Hamlet ni wa Kirusi, anamjua kwa moyo. Ni kama wazee wetu waliosoma *Juliasi Kaizari* ya Mwalimu Nyerere wanavyoweza kukuangushia hotuba ya Antoni palepale bila kufikiria Uingereza hata kidogo.

Mleta uzi

Mzee wangu, shikamoo, na asante sana. Hilo la sauti nisingeweza kulieleza mimi ninayetegemea tafsiri.

Mdau #4

Hiyo shikamoo namwachia Mdau #3 aiitikie, mimi nauliza: baada ya hapo aliishia kucheza watu wema tu?

Mdau #3

Marahaba, kijana wangu mleta uzi.

Mleta uzi

Hapana, na hapo ndipo ukubwa wake ulipo. Mwaka 1970 alimcheza Porfiry, yule mpelelezi wa *Crime and Punishment*. Safari hii yeye ndiye anayehoji. Anacheka, anachezea vitu mezani, anaomba radhi, na huku anamzungushia mtuhumiwa kamba polepole. Mwaka huohuo akamcheza mtunzi Tchaikovsky, na mjomba Vanya wa Chekhov kwa Andrei Konchalovsky. Mwaka 1962 alimcheza Mozart katika filamu ya opera kuhusu Mozart na Salieri. Mwaka 1979, kwenye *Malenkie tragedii* za Pushkin, akamcheza Salieri, ambaye kwenye mchezo huo ndiye anayemwua Mozart kwa sumu kwa ajili ya wivu. Alipata kukaa pande zote mbili za sumu.

Jukwaani, tangu mwaka 1973 alikuwa Tsar Fyodor pale ukumbi wa Maly, Moscow, mfalme mwema asiyeweza kutawala. Mwaka 1976 Efremov, yuleyule mpelelezi wa kwenye kichekesho, akamchukua kwenye ukumbi wa MKhAT aliokuwa akiuongoza, akampa *Ivanov* ya Chekhov. Filamu nyingine nyingi alizikubali kwa ajili ya kulisha familia, na si zote za kutafuta. Nawaambia wazi, msijipe kazi ya kuzitazama zote.

Mdau #5

Mkuu, huyo Zhzhonov umempitia juujuu. Alifanya kosa gani mpaka Kolyma?

Mleta uzi

Alikaa kwenye behewa moja na Mmarekani. Nasema kweli. Alizaliwa Petrograd mwaka 1915, akaanza kama mwanasarakasi. Kaka yake Boris alikuwa mwanafunzi wa chuo kikuu. Kirov, kiongozi wa chama wa Leningrad, alipouawa mwaka 1934, Boris hakwenda kwenye msafara wa mazishi kwa sababu viatu vyake vilikuwa vimechanika. Akakamatwa mwaka 1936, akafia kwenye kambi ya Vorkuta mwaka 1943. Georgy akawa ndugu wa adui wa taifa. Akiwa kwenye treni kwenda Komsomolsk-on-Amur kupiga filamu, kundi la waigizaji liliongea na mwanajeshi wa ubalozi wa Marekani aliyekuwa safarini humohumo. Mwaka 1938 akakamatwa kwa ujasusi, akapewa miaka mitano.

Ameiandika mwenyewe habari ya siku moja ya Kolyma. Ana kiseyeye, miguu haifai, na amesikia kwamba kambi ya jirani, umbali wa kilomita 10, kuna vifurushi vyake kutoka kwa mama. Anasindikizwa na afisa wa kambi ambaye wafungwa wote walimchukia, anayevuta kigari kidogo cha kuteleza kwenye theluji. Njiani Zhzhonov anaanguka, hawezi tena. Afisa anasimama, hasemi la maana, anamwonyesha apande, anamvuta. Walipofika, vifurushi vilikuwa vimetangatanga kwa muda mrefu mno: sukari, soseji, mafuta ya nguruwe, vitunguu, chokoleti na tumbaku vimeshikana vikawa bonge moja la barafu. Mwenye njaa kiasi kile akila vyote mara moja anakufa, na yeye alilijua hilo. Akawaomba wampe kipande kidogo, mengine wayafiche, na hata akipiga magoti kulilia zaidi wasimpe.

Alikuja kusafishwa jina miaka ya kati ya 1950, baada ya Stalin kufa. Umaarufu wake mkubwa aliupata mwaka 1968 katika *Oshibka rezidenta*, na unajua alimcheza nani? Jasusi wa kigeni. Watu wakaipenda mpaka zikatengenezwa filamu nne za mfululizo huo, ya mwisho mwaka 1986. Mbali na hizo alicheza majenerali na, katika *Ekipazh*, rubani mkuu wa ndege ya abiria. Alifariki Desemba 2005, akiwa na miaka 90. Smoktunovsky alimtangulia, tarehe 3 Agosti 1994. Wote wawili wamezikwa makaburi ya Novodevichy, Moscow.

Mdau #6

Mkuu umenitoa machozi na hicho kifurushi. Na ile medali ya kwanza ya Dnieper, alikuja kuipata?

Mleta uzi

Alipewa karibu nusu karne baadaye, akiwa mzee, jukwaani MKhAT baada ya onyesho.

Mdau #4

Sawa, tumeshawishika. Zinapatikana wapi na nianze na ipi?

Mleta uzi

Studio ya Mosfilm imeweka filamu zake nyingi YouTube bure, na baadhi zina tafsiri ya Kiingereza chini ya picha. Anza na *Beregis avtomobilya*, inachekesha na haichoshi, na utamzoea uso wake. Kisha *Hamlet*, ila hiyo usiitazame kwenye simu ukiwa kwenye daladala. Tafuta kioo kikubwa na saa mbili na nusu za utulivu. Porfiry mwachie wiki inayofuata. Ukimaliza rudi hapa, nina hamu ya kujua sehemu ya filimbi umeionaje.